Concha Velasco au Carmen Maura: uanze na yupi?

Anayetaka kuifahamu sinema ya Hispania kwa kumfuata mwigizaji mmoja tangu ujana hadi uzee atakutana mapema na wanawake wawili ambao kila mmoja aliifanya kazi hiyo kwa zaidi ya nusu karne. Concha Velasco alizaliwa Valladolid tarehe 29 Novemba 1939, takribani miezi minane baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe kumalizika, akatokea kwenye filamu kwa mara ya kwanza mwaka 1955, na hakuiacha kazi hadi mwaka 2021, miaka miwili kabla ya kifo chake. Carmen Maura alizaliwa Madrid tarehe 15 Septemba 1945, akaanza kuigiza akiwa tayari mtu mzima, na mwaka 2025, akiwa na umri wa miaka 79, bado alikuwa mhusika mkuu wa filamu mpya.

Ushauri unaotolewa mara nyingi kwa mtazamaji mgeni ni kwamba aanze na Maura, kwa kuwa alikuwa mwigizaji mkuu wa Pedro Almodóvar katika miaka ya 1980, na jina la mwongozaji huyo linajulikana dunia nzima. Naona ushauri huo una haraka. Jibu linategemea kitu anachokitafuta mtazamaji, muda alio nao, na hata lugha anazozielewa. Nitawaweka wawili hawa bega kwa bega, si kwa nia ya kumtawaza mmoja, bali kumsaidia msomaji ajue ataingia kwa mlango upi na atakuta nini ndani.

Tofauti ya kwanza, na ndiyo inayozaa nyingine zote, ni wakati. Francisco Franco aliitawala Hispania hadi alipofariki tarehe 20 Novemba 1975, na udhibiti wa filamu, ambao ulipitia miswada kabla ya kamera kuwashwa na kuikata filamu baada ya kukamilika, uliondolewa rasmi mwaka 1977. Velasco alikwishafanya kazi miaka ishirini na zaidi chini ya udhibiti huo. Maura alikuwa amepata sehemu ndogondogo tu kabla ya hapo, na filamu iliyomtoa mbele ya watu, Tigres de papel ya Fernando Colomo, ilitoka mwaka huohuo wa 1977, ikiwa na hadithi inayopita katikati ya kampeni za uchaguzi wa kwanza wa kidemokrasia baada ya udikteta. Kwa hiyo mmoja alijifunza kusema mambo kwa nyusi na kwa kunyamaza kwa sababu maneno yenyewe yangekatwa, na mwenzake aliingia kazini siku ambazo kila mtu alikuwa na hamu ya kuyasema yote kwa sauti. Ukiwatazama kwa zamu, tofauti hiyo inaonekana hata katika jinsi wanavyoingia chumbani.

Velasco alikuwa mchezaji dansi kabla ya kuwa mwigizaji. Akiwa binti wa mwanajeshi, aliishi sehemu ya utoto wake Larache, nchini Morocco, kisha akasomea baleti Madrid na kufanya kazi katika maonyesho ya jukwaani ya muziki na dansi, likiwemo kundi la Celia Gámez, malkia wa maonyesho hayo kwa wakati wake. Mwili wake ulibaki na nidhamu hiyo maisha yote. Mgongo umenyooka, mguu unajua unakwenda wapi, na kichwa hugeuka kwa wakati uleule ambao kamera inakitaka. Katika filamu iliyompa umaarufu, Las chicas de la Cruz Roja ya mwaka 1958, wasichana wanne wanazunguka Madrid wakikusanya michango ya Msalaba Mwekundu na kupata wachumba njiani. Hadithi ni nyepesi kabisa, Madrid inaonyeshwa kama mji usio na njaa wala hofu, na bado jicho linamfuata yeye. Wakati huo jina lake kwenye mabango lilikuwa Conchita, yaani Concha mdogo, jina la kumbembeleza mtoto. Ilimchukua miaka mingi kulivua.

Mwaka 1965 akaimba La chica ye-ye, wimbo kuhusu msichana wa kisasa, katika Historias de la televisión, filamu ya José Luis Sáenz de Heredia, na wimbo huo ukamfuata hadi kaburini. Inafaa kujua kwamba mwongozaji huyo ndiye aliyetengeneza Raza mwaka 1942, filamu iliyotokana na andiko la Franco mwenyewe. Simtaji ili kumtia Velasco doa. Namtaja kwa sababu msichana wa kisasa mwenye nywele zilizovurugika na soksi za rangi aliletwa kwa Wahispania na mkono uleule ulioutukuza utawala, na bila jambo hilo huwezi kuelewa kwa nini furaha ya filamu zile ina mipaka iliyochorwa waziwazi. Msichana anaruhusiwa kucheza, kujibu, hata kuendesha pikipiki, mradi mwisho wa filamu afunge ndoa. Baadaye kidogo alipoigiza mara kadhaa pamoja na mwimbaji Manolo Escobar, mambo yalikuwa yaleyale: usasa unachokoza, jadi inashinda. Msomaji anayechagua kumfuata Velasco lazima akubali kwamba atapita katika filamu nyingi za namna hii, na kwamba kadhaa kati yake leo zinachosha.

Maura hana mzigo huo. Ametoka katika ukoo wa Antonio Maura, mwanasiasa wa kihafidhina aliyewahi kuwa waziri mkuu mara kadhaa chini ya mfalme Alfonso XIII, na kabla ya kuigiza aliwahi kuendesha duka la kuonyesha na kuuza picha za sanaa. Aliingia uigizaji kupitia migahawa yenye majukwaa na makundi ya tamthilia huru, na huko ndiko alikokutana na Almodóvar, ambaye wakati huo alikuwa mfanyakazi wa kampuni ya simu aliyepiga filamu fupi siku za mapumziko. Walitengeneza Pepi, Luci, Bom y otras chicas del montón kwa fedha za kuungaunga, kwa filamu ya milimita 16, hatua kwa hatua, hadi ikatoka mwaka 1980. Maura alikuwa amekwisha kuvuka miaka thelathini. Hakuwahi kuwa msichana kwenye kioo cha sinema, na hilo, kwa maoni yangu, ndilo lililomwokoa: tangu mwanzo aliandikiwa wanawake waliokwisha kuishi.

Mwaka uliofuata alikuwa mtangazaji wa kipindi cha televisheni kiitwacho Esta noche, na watu wengi wasioingia sinema walimjua kwanza kutoka hapo. Hata hivyo televisheni kwake ilikuwa nyumba ya kupita. Kwa Velasco ilikuwa nyumba ya kuishi. Hapa ndipo msomaji anapaswa kuanza kutenganisha mbivu na mbichi, kwa sababu mtu anayependa tamthilia za mfululizo na mtu anayependa filamu ya saa mbili hawatapewa ushauri mmoja.

Kazi kubwa kuliko zote za Velasco, kwa jinsi ninavyoiona, haiko kwenye filamu. Iko katika Teresa de Jesús, mfululizo wa sehemu nane ulioongozwa na Josefina Molina na kuonyeshwa na televisheni ya taifa ya Hispania mwaka 1984. Velasco anamwigiza Teresa wa Ávila, mtawa wa karne ya 16 aliyelifanyia mageuzi shirika la Wakarmeli, tangu ujana wake wenye maradhi hadi kifo chake mwaka 1582. Mwandishi Carmen Martín Gaite alishiriki kuandika mazungumzo, na yanasikika kama maneno ya watu wenye njaa, baridi na madeni, si kama maneno ya sanamu. Wengi walishangaa kwamba mwanamke wa La chica ye-ye angevaa vazi la kitawa. Lakini tazama anavyofanya. Ile nidhamu ya mchezaji dansi imegeuzwa kuwa nidhamu ya mtawa. Anatembea kidogo, anaketi kidogo, na macho yake yanabeba uchovu wa mwanamke anayesafiri kwa gari la kukokotwa kutoka mji hadi mji kufungua nyumba za watawa huku maaskofu na matajiri wakimzuia. Anapocheka, anacheka kweli, na unaelewa kwa nini watu walimfuata. Mfululizo huu unakwenda polepole, na mtazamaji aliyezoea mikasa ya kila dakika kumi atahitaji subira katika sehemu mbili za mwanzo. Baada ya hapo hautahitaji kumshawishi mtu.

Maura hana kazi ya televisheni ya uzito huo. A las once en casa, ya mwaka 1998 na 1999, ni vichekesho vya familia vinavyotazamika na kusahaulika. Deudas ya mwaka 2021 ina raha yake, na Land of Women ya mwaka 2024, ambamo ni mama mzee ambaye kumbukumbu zake zinamponyoka, inamwonyesha akiwa na wepesi wa ajabu kwa umri wake. Lakini ukiziondoa zote tatu kwenye orodha, historia yake haipungui kitu. Ukimwondolea Velasco televisheni, unaondoa nusu ya mti.

Kwenye filamu mizani inapinduka. Katika miaka minane tu, kuanzia 1980 hadi 1988, Maura alifanya na Almodóvar mlolongo wa kazi ambao ni vigumu kupata mfano wake kati ya mwigizaji na mwongozaji popote Ulaya. Katika ¿Qué he hecho yo para merecer esto!, ya mwaka 1984, ni Gloria, mama wa nyumbani na msafishaji anayeishi katika magorofa yaliyobanana kando ya barabara kuu ya Madrid, akimeza vidonge ili aweze kufika jioni. Katika La ley del deseo, ya mwaka 1987, ambayo ni filamu ya watu wazima na haifai kutazamwa na watoto, ni Tina, aliyezaliwa mvulana na sasa anaishi kama mwanamke. Usiku mmoja wa joto kali anamwomba mfanyakazi wa jiji anayeosha barabara ammwagie maji ya bomba, akiwa na nguo zake zote. Tukio hilo halisukumi hadithi mbele hata hatua moja, na ndilo linalokumbukwa kuliko yote, kwa sababu uso wa Maura unapita kutoka uchovu hadi furaha ya kitoto bila kutuonyesha mpito ulipotokea.

Hapo ndipo ilipo tofauti ya ustadi wao. Velasco anakuonyesha hisia ikiwa imekamilika, imepangwa, kama fundi anayekukabidhi kanzu iliyopigwa pasi. Maura anakuacha uone hisia inavyozaliwa, pamoja na kusitasita kwake. Anasikiliza vizuri kuliko anavyosema. Ukitaka kumjua, usimtazame anapozungumza bali anapozungumziwa. Sijaona mwigizaji mwingine wa kizazi chake anayeweza kubeba ukimya wa simu isiyoita kama anavyofanya katika Mujeres al borde de un ataque de nervios, ya mwaka 1988. Humo ni Pepa, mwigizaji wa sauti ambaye mpenzi wake, mwenye kazi hiyohiyo, amemwacha kwa ujumbe wa simu. Filamu iliingia katika uteuzi wa Oscar kwa filamu za lugha za kigeni, na Maura alipata Goya, tuzo kuu ya filamu ya Hispania, kwa mara ya kwanza, pamoja na tuzo ya Ulaya ya mwigizaji bora.

Kazi ya Pepa inanipeleka kwenye jambo ambalo wanaotoa ushauri hulisahau, nalo ni sauti. Mwaka 1941 utawala wa Franco uliamuru filamu zote za kigeni ziingizwe sauti za Kihispania, na desturi hiyo ilidumu hata baada ya amri yenyewe kuondoka. Wahispania wengi wamekua wakimsikia nyota wa Marekani akizungumza kwa sauti ya mwenzao wa Madrid. Pepa na mpenzi wake Iván wanaonyeshwa wakiwaingizia sauti wahusika wa filamu ya zamani ya Marekani, kila mmoja kwa siku yake, bila kuonana, wakiambiana maneno ya mapenzi ambayo si yao. Mtazamaji wa Afrika Mashariki aliyezoea filamu zilizotafsiriwa na madijei wetu ataielewa hali hii haraka kuliko Mzungu yeyote, kwa kuwa anajua jinsi sauti ya juu inavyoweza kuichukua filamu nzima ikawa mali ya msimulizi. Kwa waigizaji hawa wawili naomba usikubali sauti ya juu. Tafuta yenye maandishi ya tafsiri chini ya kioo na sauti halisi. Sauti ya Velasco ni nzito kidogo, yenye mkwaruzo unaoongezeka kadiri umri unavyosogea, na bila hiyo bibi anayemwigiza katika Gran Hotel, mfululizo wa televisheni wa uzeeni mwake, ni mwanamke mkali tu. Sauti ya Maura inapanda na kushuka kama ya jirani anayekusimulia jambo ngazini, na vichekesho vyake vyote vimo katika kupanda na kushuka huko.

Kuna mahali pamoja ambapo njia zao zinakaribiana kiasi cha kuweza kupimwa kwa kipimo kimoja, na ningependa msomaji ambaye bado anasitasita apitie hapo. Mwaka 1975, mwaka uleule aliofariki Franco, Velasco aliigiza katika Pim, pam, pum... ¡fuego! ya Pedro Olea. Mwaka 1990 Maura aliigiza katika ¡Ay, Carmela! ya Carlos Saura, iliyotokana na tamthilia ya José Sanchis Sinisterra. Katika zote mbili mhusika mkuu ni msanii wa jukwaa, mwimbaji na mchezaji dansi wa daraja la chini, anayejaribu kula na kulala salama wakati nchi yake imevunjika.

Paca, mhusika wa Velasco, anaishi katika Madrid ya miaka ya 1940, mji wa kadi za mgawo na biashara ya magendo. Anampenda kijana mwasi aliyejificha, na papo hapo anatunzwa na mlanguzi tajiri aliyeigizwa na Fernando Fernán Gómez. Velasco aliijua dunia ile kwa miguu yake mwenyewe. Vyumba vya kubadilishia nguo, wasichana wanaosubiri kuitwa, bwana anayeketi meza ya mbele na kudhani amenunua zaidi ya kinywaji. Anaigiza bila kuomba huruma. Ukali wa filamu unakuja kutokana na kumbukumbu ya watazamaji: huyu ni Conchita, msichana wa vichekesho vya furaha, na sasa anatuonyesha Madrid ambayo filamu zile zilikuwa zimeificha. Februari ya mwaka huohuo waigizaji wa Madrid walikuwa wamegoma wakidai, pamoja na mambo mengine, siku moja ya mapumziko kwa juma, na Velasco alikuwa miongoni mwa nyota waliojitokeza waziwazi kuunga mkono. Kugoma wakati Franco yu hai halikuwa jambo la mzaha. Mwaka mmoja kabla, katika Tormento ya Olea huyohuyo, alikuwa ameigiza Rosalía, mke mwenye choyo na majivuno katika hadithi ya Benito Pérez Galdós, na hapo ndipo wengi walipokubali kwamba Conchita hayupo tena.

Carmela wa Maura, kwa upande wake, anajikuta amevuka mstari wa vita kwa bahati mbaya pamoja na mumewe Paulino, na wanalazimishwa kutumbuiza mbele ya askari wa upande wa Franco na wenzao wa Italia, huku wafungwa wa kigeni waliohukumiwa kifo wameketishwa ukumbini. Anaogopa, ana njaa, anapenda kusifiwa, na hana siasa za kutosha kuzieleza. Maura si mwimbaji wala mchezaji dansi wa kiwango cha Velasco, na filamu inalitumia hilo, kwa kuwa Carmela naye ni msanii wa kati tu mwenye moyo mkubwa kuliko kipaji. Pole kwa pole, wakati wimbo unaendelea, anawatazama wale wafungwa, na kitu kinamkataa rohoni kuendelea na mzaha unaoidhalilisha bendera waliyoipigania. Hakuna hotuba. Kuna mwanamke ambaye mwili wake umegoma kabla ya akili yake. Filamu ilizoa tuzo 13 za Goya, moja ikiwa ya Maura, na tuzo ya pili ya Ulaya ikamfuata.

Nikiulizwa ni ipi kati ya hizo mbili iliyo filamu bora, ningesema ya Saura. Nikiulizwa ni ipi inayoniambia zaidi kuhusu maisha ya mwigizaji wake, ningesema ya Olea bila kusita. Jibu hilo la mikono miwili ndilo msingi wa ushauri wangu wote.

Kuhusu tuzo kwa jumla sitakawia. Maura ana Goya nne, tuzo mbili za Ulaya za mwigizaji bora, sehemu yake katika tuzo ya Cannes ya mwaka 2006 iliyotolewa kwa wanawake wote wakuu wa Volver, César ya Ufaransa, na tuzo ya heshima ya tamasha la filamu la San Sebastián ya mwaka 2013. Velasco hakuwahi kushinda Goya ya mashindano. Alipewa Goya ya heshima mwaka 2013. Anayechagua kwa kuhesabu vikombe amekwisha kuchagua, lakini naona amepima kwa mizani ya sinema peke yake mtu ambaye kazi yake ilienea hadi jukwaani na sebuleni. Maonyesho ya muziki ya Mamá, quiero ser artista mwaka 1986, ambayo yalimjaza mtu furaha kwa kumwona Velasco akitawala jukwaa kwa saa nzima, hayana kikombe kinachoyatosha.

Uzee wao ndio sehemu iliyo rahisi kufikiwa na mtazamaji wa leo. Velasco aliongoza kwa karibu muongo mzima, kuanzia 2011 hadi 2020, kipindi cha Cine de barrio, kinachorudisha filamu za zamani za Kihispania Jumamosi alasiri, na baadhi ya zilizorudishwa zilikuwa zake mwenyewe za ujanani. Katika miaka hiyohiyo alikuwa doña Ángela, msimamizi wa wafanyakazi wa ndani katika Gran Hotel, mfululizo wa misimu mitatu wa 2011 hadi 2013 ambao hata Misri ilitengeneza toleo lake mwaka 2016. Mwanamke huyu amevaa nyeusi, funguo kiunoni, na anaijua siri ya kila chumba. Halafu akawa doña Carmen katika Las chicas del cable, mfululizo wa kwanza wa Kihispania uliotengenezwa kwa ajili ya Netflix, ulioanza mwaka 2017. Humo ni mama tajiri anayelinda mali na jina la ukoo kwa njia yoyote. Hadithi yenyewe ina mikasa mingi mno kwa upendeleo wangu, lakini kila anapoingia, waigizaji vijana wanaomzunguka wanaanza kusimama vizuri.

Maura alizeeka kwa namna nyingine, kwa kuvuka mipaka. Katika La comunidad ya Álex de la Iglesia, mwaka 2000, ni dalali wa nyumba anayekuta peseta (fedha ya Hispania kabla ya euro) milioni 300 katika fleti ya marehemu na kugundua kwamba majirani wote walikuwa wakizisubiri. Ni filamu ya kutisha na kuchekesha kwa pamoja, na anakimbia, anapigana na kupanda mapaa akiwa anakaribia miaka 55. Ufaransa ilimpa Les Femmes du 6e étage, kuhusu wafanyakazi wa ndani wa Kihispania walioishi katika vyumba vya juu vya majumba ya Paris miaka ya 1960, na hiyo ndiyo iliyomletea César. Aliporudi kwa Almodóvar katika Volver mwaka 2006, baada ya uhasama wao uliotokea mara baada ya Mujeres, alikuwa mama anayedhaniwa kuwa mzuka, akitokea kwenye buti la gari la binti yake. Walikuwa hawajafanya filamu pamoja kwa miaka 18. Kinachogusa ni kwamba hadithi yenyewe inahusu mama anayerudi kuomba msamaha, na huwezi kumtazama bila kulikumbuka hilo. Mwaka 2025 akaja na Calle Málaga ya Maryam Touzani, akiwa Mhispania mzee wa Tangier ambaye binti yake anataka kuuza nyumba anayoishi. Tangier na Larache, mji wa utoto wa Velasco, zipo kwenye pwani moja, kilomita zisizofika mia kati yake.

Basi uchaguzi ninaoupendekeza ni huu. Mtu mwenye majuma mawili, anayetaka filamu zisizohitaji maelezo ya historia kabla ya kuwasha kioo, aanze na Maura, na aanze na Mujeres, kisha La comunidad, kisha Volver. Zimesambazwa sana duniani na kupata nakala zenye maandishi ya tafsiri si kazi ngumu. Anayeelewa Kifaransa, kama walivyo wasomaji wengi wa Kongo na Burundi, ana sababu ya ziada, kwa kuwa atamsikia akifanya kazi katika lugha anayoijua. Asiwe na haraka ya kuzitafuta filamu zote alizozifanya miaka ya 1990 baada ya ¡Ay, Carmela!, kwani nyingi hazikumstahili.

Mtu anayependa mifululizo, anayetazama pamoja na familia na kutaka jambo la kuzungumzia jioni baada ya jioni, aanze na Velasco kupitia Gran Hotel. Akimpenda doña Ángela, ndipo arudi nyuma kumtafuta Teresa de Jesús. Namwonya mapema kwamba kazi zake za zamani hazipatikani kwa urahisi zikiwa na tafsiri, na asiyejua Kihispania atagonga ukuta mara kwa mara. Kwa mwanafunzi wa Kihispania ukuta huo ni faida, maana Velasco hutamka kila silabi kama mtu aliyefunzwa kusikika hadi kiti cha mwisho cha ukumbi, wakati Maura humeza nusu ya maneno kama wanavyofanya watu wa Madrid majumbani mwao.

Na kwa yule ambaye swali lake ni kazi ndefu yenyewe, yaani anataka kuona mtu mmoja akibadilika mbele ya macho yake pamoja na nchi yake, sina shaka nimpeleke kwa Velasco, hata kama filamu zake bora ni chache kuliko za mwenzake. Atazame Las chicas de la Cruz Roja usiku wa kwanza na Pim, pam, pum... ¡fuego! usiku wa pili, bila kuweka kitu kingine katikati. Ni mji uleule, mwigizaji yuleyule, na miaka 17 tu imepita tangu msichana yule azunguke na kopo la michango akitabasamu kwa kila dereva.